Mkaguzi Hafukizwi Udi

Benchi letu ni la saruji, limejengewa ukutani nje ya nyumba ya babu yangu, Bu Jarrah, pale barabara inapopinda kuelekea kituo cha kusafisha gesi. Kila baada ya Alasiri huketi watatu walewale: babu na birika lake la kahawa, Khalaf, aliyebandikwa jina la Redio kwa sababu hazimiki, na Waziri, ambaye wizara ya mafuta aliitumikia kweli, kwa kuendesha gari la mtu mwingine. Siku hiyo nilirudi kutoka chuo nikiwa na hasira zangu. Mdogo wangu Lulwa ana pumu, na siku hizi analala kwa shangazi, maana harufu ya mayai viza inayotoka kituoni inamkaba. Tulilalamika bila kutaja majina, serikali ikaleta mkaguzi, akaandika kuwa hewa ni safi. Leo anakuja wa pili. Naye asipoona kitu, shauri limefungwa. Nikamkuta babu anapuliza makaa ya chetezo.

Mimi: Babu, hicho cha nini tena?

Babu: Mgeni anakuja. Unataka akute mlango wangu unanuka mayai viza? Aibu hiyo nitaiweka wapi?

Mimi: Lakini anakuja kwa ajili ya hiyo harufu!

Babu: Aje. Ila asiikute kwangu.

Redio: Mwache babu yako, binti. Hata yule wa kwanza tulimfukiza vizuri. Alitoka hapa ananukia kama bwana harusi.

Mimi: Ndiyo maana akaandika hewa safi! Tena mlimfukuza. Chetezo kikishapitishwa ni kwaheri, mgeni gani anabaki? Alijifukiza ndevu, akaaga. Mashine yake hata hakuifungua.

Waziri: Usiseme usiyoyajua, mwanangu. Mimi nimekaa wizarani. Kituo hupigiwa simu mapema: mkaguzi yuko njiani, zimeni.

Redio: Simu? Acha hizo! Wanachagua wakaguzi wenye mafua. Ukipumua vizuri kwenye usaili, kazi umeikosa.

Waziri: Mafua mwaka mzima, bwana?

Redio: Si wanawafungia kwenye viyoyozi? Unadhani ule ubaridi wa wizarani ni wa bure?

Waziri: Wallahi... ule ubaridi kweli haukuwa wa kawaida.

Babu: Nyie mnacheza. Ulionunuliwa ni upepo. Akija mkaguzi, unavuma kwenda baharini. Upepo gani wa Mungu unajua ratiba ya serikali?

Redio: Umenunuliwa na nani, Bu Jarrah?

Babu: Ningemjua ningemwomba kidogo, niupeleke kwa mama mkwe wako.

Wakacheka mpaka Waziri akamwaga kahawa kwenye kanzu. Mimi sikucheka. Haya, nilicheka kidogo, kisha nikasimama.

Mimi: Wazee wangu, kituo ni cha serikali, mkaguzi ni wa serikali. Mwanafunzi gani amewahi kujisahihishia mtihani akajinyima alama? Halafu siku anapokuja, badala ya kumpa ushahidi mnampa udi! Jana Lulwa kaniuliza kwenye simu kama kitanda chake bado kipo.

Babu akakitazama chetezo. Kisha akainua birika na kulimimina lote juu ya makaa. Fsss!

Redio: Kahawa yote? Maji si yapo?

Gari jeupe likapinda kona. Akashuka dada mmoja, umri wangu kuongeza kidogo, na buti za kazi chini ya abaya. Upepo ukageuka hapohapo, mayai viza yakatujia mazima mazima. Akakohoa, akafungua mashine, ikalia kama kuku aliyekanyagwa.

Mkaguzi: Hii haina mjadala. Nahitaji jina moja tu. Nani analalamika?



Wana wawili wa Redio wanaunga mabomba palepale kituoni. Mkwe wa Waziri analinda geti. Baba yangu hufanya zamu ya usiku hukohuko. Watu waliojua hata kwamba upepo umenunuliwa sasa hawakujua hata wanaitwa nani. Redio na Waziri walitikisa vikombe vyao, ile ishara ya kwamba nimetosheka, usinimiminie tena, na hapakuwa na mtu wa kuwamiminia.

Mkaguzi: Hakuna?

Mimi: Andika Wadha.

Sauti ilitoka nyembamba kuliko nilivyozoea kuitoa kwenye mijadala ya chuo.

Babu: Subiri, binti yangu. Huyu asitangulie. Andika kwanza babu yake, Bu Jarrah, mwenye nyumba. Halafu yeye.

Mkaguzi akaandika. Waziri akakohoa, akampa jina lake halisi, ambalo sikuwahi kulisikia. Tukamgeukia Redio.

Redio: Mnanitazamia nini? Haya, andika Khalaf. Wakikuuliza Khalaf yupi, waambie mtaa huu wamo wengi.