Mama Korido na Ile Tatu

Miaka thelathini na mmoja na miezi miwili: huo ndio muda ambao mchora herufi wetu mkuu, tuliyemzoea kwa jina la Mama Korido, ameikalia meza ya dirishani. Leo Ijumaa, tarehe 30 Juni, anastaafu.

Alianza kwa penseli, akichora herufi za mabango. Simu zilipojaa mifukoni mwa watu, akahamia kwenye herufi za skrini: nyoofu, zisizo na vikia wala madoido, zenye matumbo mapana ili zisijifunge zikiwa ndogo. Leo ziko kwenye mashine za tiketi, simu za bei nafuu na vifaa vya hospitali. Wanaozisoma hawajui kama kuna mtu aliyezichora, na mwenyewe anapenda iwe hivyo.

Jina alilipata kwa vituko vyake. Kila herufi mpya aliionyesha kwenye simu, simu akaiweka juu ya kigoda mwisho wa korido, kisha akatuvua miwani mmoja mmoja. Ukikunja uso tu, karudi mezani kuchora upya. Mhasibu wetu aliwahi kuupa shikamoo mwavuli uliotundikwa ukutani.

Tulicheka, lakini korido hiyo ilituokoa. Tulikuwa tumekamilisha tarakimu za mashine ya kupitishia dawa mishipani, na kesho yake mteja angezichukua. Dada mkubwa wa Mama Korido, muuguzi, akaja kumpitia waende kula. Pale koridoni akaisoma 3 kuwa 8. Mgonjwa angeweza kupewa dawa ya kumuua.

Mama Korido akagoma kutia sahihi. Mkurugenzi alitishia kumnyang'anya kazi. Sisi tulinung'unika, mimi kuliko wote, maana ile tatu niliichora mimi. Tulikaa nayo siku tisa, tukiipanua midomo yake ya kushoto isifanane na 8, mpaka dada mtu akaisoma sawasawa mara ishirini mfululizo. Kwa mteja, Mama Korido hakunitaja hata siku moja. Najivunia kuitwa mwanafunzi wake.

Siku hizi macho yake yamechoka. Jana nililisimamisha jalada la ratiba hii ya kumuaga juu ya kigoda, lenye tarehe ya leo kwa tarakimu zile zile za mashine ya dawa, nikamwomba avue miwani.

Akaisoma 30 bila kukunja uso.

Asante, mama yetu. Kapumzike vizuri, kwa furaha na afya njema. Kigoda hakitoki koridoni.