Mwenye Dawa Haguswi

Ukungu ulimeza barabara ya Lusangi, na lori letu lilikwenda polepole kama linaota. Juu ya mifuko ya muhogo, mama mumoja alimuuliza papa Lwamba, askari mustaafu: "Papa, mutoto wangu Bienvenu iko kwa Mai-Mai, kule musituni. Hauwezi kumuingiza mu jeshi ya kweli?"

"Mama, askari iko na namba ya matrikule. Akikufa, serikali inajua nani amekufa. Wako iko na nini?"

"Maji ya dawa mu mwili. Risasi haimupate."

"Na mvua je?"

Lori zima lilicheka. Mimi nilimukumbuka marehemu mke wangu. Alikuwa na karatasi zote za serikali, na alipokufa wakubwa hawakumujua hata hivyo.

"Cheka tu, papa. Mwanamuke akimugusa, dawa inakufa. Hata mimi mama yake."

"Basi mukamate mukono, umurudishe kwenu!"

"Na risasi ikimukuta njiani?"



Lori likasimama kwenye bariyeri, muti uliolazwa barabarani. Vijana wa Mai-Mai wenye majani kichwani walitoka katika ukungu, na mumoja akaita: "Mama!"

Mama akashuka, mikono yote miwili ameificha mugongoni.