Mkono Nyuma ya Mpiga Picha: Miaka Thelathini na Mmoja ya Mama Futi

Ijumaa ya tarehe 29 mwezi huu, saa tisa na nusu alasiri, msaidizi wa kamera wa kikosi cha nje atarudisha ufunguo wa kabati lake na kustaafu rasmi, akiwa amekitumikia kituo chetu cha televisheni kwa miaka thelathini na mmoja na miezi minne. Faili lake lina majina matatu, lakini humu ndani hakuna anayeyatumia. Sote tunamwita Mama Futi, kwa sababu hajawahi kuonekana kazini bila futi ya kupimia shingoni, kama fundi cherehani aliyepotea njia.

Wenzetu wa ghorofa ya juu huenda hawajui hasa anafanya nini. Mlinzi wa getini aliwahi kumwambia, kwa nia njema kabisa, "Mama, umri huu bado unawabebea vijana mizigo?" Kubeba anabeba. Lakini ana kazi mbili kubwa zaidi ya hiyo. Ya kwanza ni kupima umbali kutoka kwenye lenzi hadi kwenye uso wa anayepigwa picha, ili uso huo usitoke na ukungu. Ya pili ni kumshika mpiga picha mkanda wa suruali kwa nyuma.

Hii ya pili inahitaji maelezo. Mtu anapomjia mpiga picha huku akizungumza, mpiga picha hulazimika kurudi kinyumenyume. Jicho moja amelifumba, la pili limezama kwenye kioo kidogo cha kamera, na huko anakorudi panaweza kuwa na mtaro, gari au shimo. Yeye haoni. Anayeona ni Mama Futi, mkono wa kushoto kwenye mkanda, macho njiani. Akivuta mara moja, simama. Akivuta mara mbili, kuna ngazi. Akikandamiza kiganja mgongoni, endelea, njia nyeupe. Hasemi neno, kwa sababu sauti ingeingia kwenye picha. Kwa zaidi ya miaka thelathini sauti yake haikuwahi kuharibu picha hata moja, na hilo ndilo jambo pekee ambalo nimewahi kumsikia akijisifia.

Alianza kazi enzi za filamu za kuviringisha. Alikuwa akiingiza mikono yake ndani ya mfuko mweusi na kuipachika filamu kwenye kasha kwa kupapasa tu. Mwanga ukipenya hata kidogo, kazi ya siku nzima imeungua. Wiki ya kwanza mikono ilimtetemeka hadi mfuko ukawa unacheza mezani kama una paka ndani. Mkuu wake wa wakati huo, ambaye sasa ni marehemu, alimwangalia akamwambia, "Binti, siku utakayoacha kutetemeka ndiyo siku nitakayokuhamisha." Hakuhamishwa.

Kwenye tamthilia zetu alipima pua za waigizaji wote wakubwa. Mmoja wao alichoka siku moja akamwambia, "Mama Futi, pua yangu haijakua tangu jana." Akajibiwa, "Ya jana ilikuwa imekaa. Leo umesimama." Picha za tamthilia hizo ziko maktaba, na hakuna hata moja yenye ukungu.

Hajawahi kuficha kwamba ni mwoga. Hutikisa kila ubao kabla ya kuukanyaga na huegemea kila reli kwa kidole kabla ya kumruhusu mtu mwingine kuegemea. Akifika mahali papya, hutembea njia yote peke yake kwanza, akihesabu hatua na kuziandika kwenye kijitabu. Ghala la mbao lilipoungua, alimvuta mpiga picha wake nyuma mara mbili huku mpiga picha akilalamika kwamba anakoseshwa picha nzuri. Bati lilidondoka pale alipokuwa amesimama. Mpiga picha huyo, tunayemwita Mrefu, hakulalamika tena kwa miaka tisa iliyofuata.

Tabia hiyo ilimfuata hadi kwenye harusi ya binti yake. Alipomwona kijana aliyekodiwa kupiga video akirudi nyuma kuelekea kwenye ngazi za ukumbi, mama wa bibi harusi aliinuka kwenye kiti chake cha heshima, akaenda kumshika mkanda. Kijana akamnong'oneza, "Mama, humo mfukoni hamna kitu." Mume wa Mama Futi anasema yeye mwenyewe alicheka hadi akatolewa nje.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo lisiposemwa wasifu huu hautakuwa wa kweli. Miezi mitatu iliyopita uongozi ulitoa waraka kwamba Mama Futi akistaafu, nafasi yake itafutwa. Kamera mpya ni nyepesi na zinajilenga zenyewe, kwa hiyo wapiga picha wangeenda peke yao. Waraka niliuchapa mimi, karani wa ofisi ya utumishi, nikaupeleka kwenye mbao za matangazo. Mama Futi aliusoma akiwa amesimama, akaomba jambo moja tu: asipewe saa ya ukutani wala kitenge, bali aachiwe mtu wa kushika mkanda. Nililiandika ombi lake kwenye faili. Halikujibiwa.

Wiki tano baadaye fomu zake za kustaafu zilitakiwa zifike kwenye mfuko wa pensheni kabla ya saa kumi jioni, na kurasa tatu zilikuwa hazina saini. Yeye alikuwa kazini kwenye jengo la ghorofa nne ambalo halijamalizika, juu kabisa, kwenye paa la zege lisilo na ukuta wa pembeni. Nilipelekwa na gari la ofisi. Nilipanda hadi kibaraza cha mwisho cha ngazi, na hapo miguu ikakataa. Ngazi zilizobaki hazikuwa na reli. Nilimwomba fundi mmoja aende amwite ashuke.

Nimeambiwa na wote waliokuwepo mambo yalivyokwenda huko juu. Mama Futi alikuwa amekwishapima njia: kutoka mdomo wa ngazi hadi ukingo wa paa ni hatua kumi na saba, na Mrefu alipangiwa kusimama kwenye ya kumi. Alipoitwa, alimwambia Mrefu, "Nashuka kusaini, usianze." Mrefu alikuwa ameinamia kamera, akaitikia bila kuinua kichwa. Ili mikono yake iwe huru, Mama Futi alichukua mkoba wa betri akauning'iniza kwenye mkanda wa Mrefu, kwa nyuma. Kisha akashuka.

Mkandarasi wa jengo, aliyekuwa akihojiwa, alikuwa na haraka, na mtayarishaji wa kipindi akaona dakika moja si kitu. Akasema, "Haya, tuanze." Mrefu alihisi uzito kwenye mkanda. Akajua Mama Futi amerudi. Akaanza kurudi nyuma.

Kule chini tulikuwa kwenye ukurasa wa tatu. Fomu nilikuwa nimeishikilia ukutani ili aandikie. Tukasikia sauti ya mkandarasi ikianza kusifu zege lake, na chini ya sauti hiyo buti za Mrefu zikisaga mchanga, moja, nyingine, moja, nyingine. Nilidhani ni kelele za jengo tu. Nilipomtazama Mama Futi, kalamu ilikuwa imesimama katikati ya saini na midomo yake ilikuwa inahesabu. Ilipofika kumi, buti hazikusimama.

Sijawahi kuona mtu wa umri ule akipanda ngazi namna ile. Mimi nilibaki na fomu ukutani. Alipotoa kichwa juu ya paa, Mrefu alikuwa mbali naye, na mbali zaidi na ngazi kuliko na ukingo. Mtayarishaji alikuwa ametazama kioo chake cha kuonyeshea picha. Mkandarasi alikuwa anamtazama Mrefu uso kwa uso na kuuona ukingo nyuma yake, lakini, kama alivyotueleza baadaye huku akijifuta jasho, "Nilidhani ndio ufundi wenyewe."

Mama Futi akapiga kelele. Neno moja: "Simama!"

Kamera haikuzimwa, kwa hiyo yote yamo. Mkandarasi anasema zege hili litadumu miaka mia, kisha sauti ya Mama Futi inapasua katikati ya sentensi, kisha picha inaganda kwenye kidevu cha mkandarasi. Kisha inasikika sauti ya Mrefu, ya chini sana, bila kugeuka:

"Mama Futi. Mbona uko mbele? Sasa hapa nyuma kanishika nani?"

Alitembea mbele hatua tano, akaweka kamera chini, akakaa juu ya mfuko wa saruji. Mama Futi alikwenda hadi kwenye alama ya kisigino mchangani, akapiga magoti, akapima hadi ukingoni. Sentimita kumi na moja. Aliziandika kwenye kijitabu kwa mwandiko ambao mpaka leo hausomeki vizuri, kisha naye akakaa. Mkoba wa betri ulibaki unaning'inia pale kwenye mkanda, hakuna aliyetaka kuugusa.

Uongozi ulitaka maelezo ya maandishi. Niliandika kurasa mbili nikikiri kwamba mimi ndiye niliyemwita ashuke, na kwamba nilifanya hivyo kwa kuogopa ngazi. Nilikuwa na uhakika nitafukuzwa. Mama Futi alikuja ofisini, akavaa miwani, akasoma yote.

"Kosa lako umeliandika vizuri, mwanangu," aliniambia. "Ongeza na langu. Niliongea na mtu ambaye hakuwa ananitazama, nikamtundikia mzigo mahali pa mkono wangu. Na ukimaliza uache nafasi. Bado kuna kosa la tatu, na hilo nitakwenda kulisema mwenyewe."

Alilisema kwenye kikao cha tarehe tano. Meneja wa vipindi alimweleza kwa upole kwamba ile ilikuwa ajali ya bahati mbaya, na kwamba kamera mpya siku hizi zinajilenga zenyewe. Mama Futi akamuuliza kama zinajishika mkanda pia. Watu wakacheka kidogo. Yeye hakucheka.

"Meneja, mimi niliondoka dakika nne," alisema. "Nyie mnataka niondoke moja kwa moja."

Baada ya hapo waliomba kusikiliza ile rekodi. Nilikuwepo nikiandika kumbukumbu za kikao, na naweza kusema meneja aliomba irudiwe pale Mrefu anapouliza. Mrefu alisimama akasema kwamba Jumatatu ya tarehe mosi hatainua kamera kama hakuna mkono, na wakitaka wamfukuze.

Jibu lilichukua siku saba, na siku hizo zilikuwa ndefu. Lilikuja Jumanne iliyopita. Waraka umefutwa, nafasi imebaki, na hakuna mpiga picha atakayerudi nyuma bila mtu wa kumshika. Mimi nimepewa onyo la maandishi, na nimelipokea. Dada wa stoo ya vifaa ndiye aliyechaguliwa kuirithi kazi.

Mafunzo yalianza asubuhi iliyofuata kwenye ngazi za nyuma ya jengo letu. Dada yule alifika mapema, akakunja mikono ya shati, akasema kwa furaha, "Mama, mimi hata siogopi kitu." Mama Futi akafunga kijitabu chake, akamwambia aende stoo, arudi kesho. Tuliotazama dirishani tuliingiwa na hofu kwamba nafasi imepotea tena.

Kesho yake dada alirudi akiwa amekonda uso. "Mama," alisema, "jana nilikuwa nawaza. Sasa siku nikimwachia itakuwaje?"

"Haya," Mama Futi akasema, "shika mkanda, tuanze."

Mama Futi, kwa niaba ya wafanyakazi wote, na kwa niaba ya mama mzazi wa Mrefu aliyetupigia simu akitaka salamu zake zisisahaulike, tunakushukuru. Ulituogopea miaka yote hii sisi tukiwa hatujui. Nenda ukapumzike na mumeo, ulale hadi jua likuamshe, uende mahali papya bila kuhesabu hatua. Tunakuombea afya, amani na miaka mingi ya kuifurahia.