Mchanga wa Mwalimu Rotia

Wazee wa maneaba hii, nyumba yetu ya mikutano, ndugu, majirani, walimu na wanafunzi wa marehemu, na wewe pia Mjomba Uriam, uliyekaa peke yako kwenye nafasi ya ukoo wetu ukajitandaza kama vile umeirithi jana, tangu asubuhi mnaulizana kaburi liko wapi, na mtaambiwa, lakini kwanza mtayasikiliza maisha ya marehemu, nami Kaitira, mtoto wake wa kwanza, nitayasoma kwa niaba ya familia, na naomba nisikatizwe.

Marehemu Mwalimu Rotia Kabuati alizaliwa tarehe 4 Agosti 1951 hapa hapa Tekaranga, akiwa mtoto wa pili na wa mwisho wa Mzee Kabuati na Mama Teitirua, wa kwanza akiwa huyu Uriam. Alizaliwa chini ya bendera ya Mwingereza, wakati sisi na wenzetu wa visiwa vya Ellice tukiwa koloni moja, akaona wenzetu wakijitenga na kuwa Tuvalu, akaona sisi tukipata uhuru tarehe 12 Julai 1979 na kuitwa Kiribati, yaani nchi ilibadilika jina mara mbili naye hajahama hata nyumba.

Alisoma shule ya misheni hapa kijijini kuanzia mwaka 1958 hadi 1964, akachaguliwa kuendelea na sekondari huko Tarawa, akasafiri siku mbili kwa meli akitapika njia nzima, kisha akajiunga na chuo cha ualimu mwaka 1970, na Januari 1972 akarudi kufundisha historia na jiografia, kazi aliyoifanya miaka thelathini na minne bila kuhama.

Mwaka 1981 aliletewa ramani ya dunia ya kutundika ukutani, Ulaya ikiwa imekaa katikati kama bibi harusi, na bahari yetu imekatwa mapande mawili, visiwa vya huku vimesukumwa ukingo wa kulia na vile vya mashariki ukingo wa kushoto, mtoto akiangalia anadhani nchi yake ni nchi mbili zisizojuana. Marehemu alichukua wembe wa mumewe, akaikata ile ramani katikati ya Atlantiki, akaishona upya kwa mshipi wa kuvulia, bahari yetu ikawa katikati. Mkaguzi alipokuja akafoka, "Mwalimu, umeharibu mali ya serikali!" naye akamjibu, "Ilikuja imeharibika, bwana, mimi nimeitengeneza." Alipewa barua ya onyo, na ramani ikabaki vilevile.

Tarehe 17 Desemba 1975 alifunga ndoa na Bwana Toakai Mweia, baharia wa meli za mizigo za Wajerumani, wakajaliwa watoto watatu, mimi Kaitira, Tiaon, na Teburea aliyeko Auckland, ambaye amekosa ndege na analia huko peke yake. Baba yetu alifariki mwaka 2009, akazikwa baharini kwa heshima zote, kwa sababu hata wakati huo ardhi ya mama ilikuwa haichimbiki.

Sasa tufike kwenye ardhi, maana najua wengine mmekuja kwa ajili hiyo. Mzee Kabuati kabla hajafa mwaka 1983 aligawa urithi mbele ya wazee, upande wa kaskazini ukawa wa Rotia, rasi ya kusini ikawa ya Uriam, na kuanzia mwaka uliofuata, kila Januari, marehemu aliwatoa wanafunzi wa darasa la sita na kamba ya makumbi yenye mafundo, kila fundo pima moja, yaani urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa, wapime toka jiwe la mpaka hadi maji yanapofika yakijaa, kwake na kwa kaka yake, kwa sababu alitaka waijue jiografia kwa miguu na siyo kwa kukariri. Vipimo aliviandika daftarini, mwaka wa kwanza pima thelathini na moja kwake na pima kumi na nane kwa Uriam, na mwaka wa ishirini pima kumi na moja kwake na thelathini na saba kwa Uriam, maana bahari ilikuwa inakula kaskazini na kutapika kusini, mchana kweupe, kila mtu akiona.

Mwaka 2004 alikwenda kwa kaka yake na mkeka mpya, akaketi chini, akamwambia, "Kaka, huu mchanga wa mbele ya nyumba yako umetoka kwangu, nigawie pima kumi tu, wanangu wapate pa kujenga." Mjomba, ulimjibu nini? Nilikuwepo, ulimjibu, "Kama ni wako, uite uje." Ndipo akaenda kwa hakimu wa ardhi na daftari lake, akiamini kwamba ukweli ukiandikwa vizuri unatosha, na hilo ndilo kosa pekee la maisha yake. Hakimu akamuuliza kama vipimo ni vya kweli, naye badala ya kusitasita kidogo kama mtu mwingine, akasema, "Kila pima." Hakimu akasema basi, ardhi ya mtu inaishia maji yanapoanzia, na mlalamikaji mwenyewe ameandika kwa mkono wake kwamba yake ni kumi na moja na ya kaka yake ni thelathini na saba. Nje ya mahakama Mjomba alipiga makofi akasema, "Ahsante dada, umenipimia shamba miaka ishirini bure!" na watu wakacheka, na baadhi yenu mliocheka mmo humu ndani mmevaa nyeusi.

Hawakusemezana tena kwa miaka kumi na minane na miezi mitano. Marehemu alistaafu mwaka 2006, akaugua kisukari, akakatwa mguu wa kushoto Tarawa mwaka 2019, na mwaka 2021 wimbi likaingia hadi kwenye shimo la babai, yale magimbi aliyoyapanda babu yetu, yakaoza yote kwa chumvi. Mjomba akatuma kikapu cha babai, vile vijizizi vya kulishia nguruwe, na marehemu akavipeleka panapostahili, kwa nguruwe. Nyumba ya Mjomba iko hatua mia mbili, na hakuja kumwona mgonjwa hata siku moja. Marehemu alifariki Alhamisi tarehe 9 Machi 2023, saa kumi alasiri, mikononi mwangu.

Jioni ile ile ndipo Mjomba alipofika na nguruwe mzima na mikeka minne, akasema, "Kwenu hakuzikiki, alale kule nyuma ya jiko langu, mimi nimeshamsamehe." Amsamehe nini, jamani? Kweli kwetu hakuzikiki, zimebaki pima nne, ukichimba hadi gotini unakutana na maji ya chumvi, lakini nyuma ya jiko lako, Mjomba, ni zizi la nguruwe.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa Tarawa, nesi wa zahanati yetu aliyekuja kila siku hata mvua ikinyesha, majirani waliotuletea samaki na mchele, walimu wenzake, na wanafunzi wake wa zamani kumi na wawili ambao hamwaoni hapa, kwa sababu tangu alfajiri wanachimba.

Mjomba, wanachimba kwenye mchanga mpya, pima kumi kutoka mlangoni kwako, mbele, si nyuma, nawe uliwahi huku kabla hawajaanza, ndiyo maana hukuliona kaburi. Hati ni yako na hakimu alisema ni yako, hatubishi. Lakini katika kisiwa hiki hajatokea mtu aliyemfukua maiti, na kama unataka kuwa wa kwanza, simama sasa useme mbele ya wazee hawa.

Naona umekaa. Basi tubebe jeneza. Wamechimba hadi kifuani na mchanga ni mkavu. Pumzika, Mama, uko kwako.