Tata Henri Ngeleka, Mwalimu wa Bowa

Njo mi Ndaya, mutoto wake wa kwanza, ninasoma. Karatasi hii tuliiandika kwa mukono, juu hakuna tena mahali pa kuipiga chapa.

Tata Henri Ngeleka alizaliwa hapa Kolwezi, tarehe 4 Mei 1948, mu nyumba ya kampani ku Dilala. Baba yake, Mpoyi, aliletwa toka Kasai kufanya kazi ya mugodi. Tata mwenyewe alifika Kasai mara moja tu, ku kilio cha shangazi. Alikaa siku tisa, akarudi na malaria.

Alisoma ku Dilala, kisha akasomea biolojia ku Lubumbashi, akamaliza mu 1972. Mwaka uliofuata alianza kufundisha mu chuo cha balimu hapa. Tarehe 12 Julai 1975 alioa Mama Mbelu. Bakazaa batoto batatu.

Mu 1986 aliona kama banafunzi wake banajua uyoga wa Ulaya kwa majina ya Kilatini, lakini ile ya pori letu, bowa, habaijue. Akaenda Mutoshi kumwita Mama Adolphine Mukalay, muuzaji wa bowa. Bakubwa ba chuo bakasema hana diplome. Tata akajibu: "Basi mi nitakaa na banafunzi, yeye afundishe." Ilikuwa hivyo miaka saba. Tata aliuliza, Mama alijibu, banafunzi baliandika. Siku ya mutihani kila mutu alipika na kula bowa aliyookota mwenyewe. Mwaka wa kwanza, mwanafunzi Stany alisimama na kijiko mukononi, akatazama sahani, akaomba kurudia mwaka. Bowa yake ilikuwa nzuri, haikukuwa na sumu. Mama alikuwa amekwisha kuikagua bila kumwambia.

Mu Machi 1993 sisi ba Kasai tulifukuzwa mu manyumba, balisema turudi kwetu. Tulienda kulala mu chuo, mu kalasi ya Tata. Mukubwa wa chuo alitukuta pale. Alisema kwa heshima kama somo la bowa litapewa mwana wa inchi, juu maarifa ya hapa si ya mugeni. Aliomba madaftari ya lile somo. Tata alimupa yote kumi na mane.

Kisha alianza kuhara. Munganga alikuja bila dawa. Tarehe 4 Aprili, saa tatu ya asubui, Tata alifariki ku benchi ya mbele. Mi bado sijalia. Sijue juu ya nini.

Jana, hapa ku kilio, mukubwa alimuomba Mama Adolphine aendelee na mwalimu mupya. Mama akamwambia: "Huyo atauliza nini? Ule alijua kuniuliza njo huyu amelala. Mi sitarudi."

Ameacha mujane, Mama Mbelu; batoto Ndaya, Kazadi na Jocelyne; dada yake Henriette; na Mama Adolphine, ambaye Tata aliomba aandikwe mu familia.

Treni yetu ya Kasai ni kesho. Balisema Tata atoke Kolwezi, na sisi njo tunatoka, yeye anabaki. Ubaki salama, Tata, upumzike mu udongo wa kwenu.