Matetea Wawili wa Kikole

Kwenye basi la kutoka Masoko, mama mmoja alipakata tenga la matetea wawili. Mzee jirani yake, ambaye hakuna aliyemuuliza, akamwonya: "Mwanangu, wafunge kamba mguuni mpaka wazoeane na kuku wenyeji. Ukiwaachia leo, watadonolewa mpaka damu."

Mama akacheka. "Nawaachia leo hii, baba. Mbona mimi nilipoingia uke wenza sikufungwa kamba?"

"Na hukudonolewa?"

"Nilidonolewa! Bi mkubwa alinificha hata chumvi."

"Si unaona?" Mzee alitugeukia abiria wote kama kashinda kesi.

Basi likasimama Kikole. Mwanamke mmoja akakimbilia dirishani akipiga vigelegele. "Mke mwenzangu, shuka! Kisamvu tayari, chumvi nimetia kama unavyopenda!"

Mzee alilipitisha tenga dirishani mwenyewe, taratibu. "Lakini kamba," akasema, "kamba muhimu."