Mtondogoo Iko Wapi?

Kijiwe chetu ni benchi moja lililopinda katikati, nje ya kibanda changu cha kushona viatu. Benchi langu, birika la kahawa langu, kwa hiyo nikisema jambo ni kweli mpaka kahawa iishe. Asubuhi hiyo ya Ijumaa tulikuwa na furaha isiyo kifani, maana elimu mpya ilikuwa inazaliwa mbele ya macho yetu. Kamusi, mwandika vibao vya maduka, alikuwa amegeuza kibao cha mteja na kuchora ramani ya wakati nyuma yake kwa chaki. Msusi wa jirani, Dada Chanuo, alikuwa amemwacha mteja na nusu kichwa ili aje kuona. Na Dira, dereva mstaafu wa lori, tuliyempa jina hilo siku alipofikisha saruji kwenye mji usio wake, alikuwa ameishika simu kwa mikono miwili. Mkewe alikwenda kwa dada yake kwa hasira, kisha akatuma ujumbe wa sauti: "Nakuja mtondogoo. Unipokee stendi wewe mwenyewe. Nisipokuona, nageuza."

Dira: Naisikiliza kila nikiamka. Nahesabu: kesho, keshokutwa, mtondo, mtondogoo. Siku nne. Shati nimeshapiga pasi.

Mimi: Na jana ulihesabu ngapi?

Dira: Nne.

Mimi: Juzi?

Dira: Nne vilevile, kaka. Ndo maana nawaambia kuna kitu.

Kamusi: Mmesikia? Mtondogoo ni kisiwa kinachoelea. Ukipiga kasia kukifuata, nacho kinasogea. Hii ndiyo kesholojia, elimu ya kusafiri ndani ya wakati kwa ramani ya maneno. Tazama hapa. Hii ni Sasa Hivi, bandari kubwa. Kila mtu husema yupo hapo, na ukienda humkuti.

Dada Chanuo: Na hii njia panda?

Kamusi: Kitambo. Aliondoka kitambo, bado kitambo afike. Ukikosea kukata kona hapo unaibukia utotoni.

Dada Chanuo: Makubwa. Sasa kisiwa kinasukumwa na nini?

Kamusi: Na vinywa vyetu. Kila mtu akisema kesho, anakipiga teke kidogo. We mwenyewe wiki hii umewaambia kesho wateja wangapi?

Dada Chanuo: Kumi na wawili. Muulize na huyu mshona viatu.

Mimi: Mimi husema keshokutwa, nisiwe mwongo.

Kamusi: Unakipiga teke mara mbili.

Dira: Jamani, mke wangu yuko kwenye hicho kisiwa.

Mimi: Tulia. Hiyo goo mwishoni ni guu. Wahenga walisema, asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Maana yake mtondogoo huendewa kwa miguu. Wewe dereva utaionaje?

Dada Chanuo: Acha hizo. Dawa ni moja. Mtaa mzima ufunge mdomo, kutwa kucha mtu asiseme kesho. Kisiwa kitatulia, Dira atashuka na shati lake.

Dira: Kweli itawezekana?

Dada Chanuo: Umoja ni nguvu, shemeji. Wengine waseme jana, jana, jana, kirudi nyuma kabisa mpaka hapa benchini.

Nakiri nilisisimka. Dira alisimama, akakaa, akasimama tena. Kamusi akafuta mikono kwenye suruali.

Kamusi: Naandika bango. Marufuku kusema lile neno. Mtalipata kesho.

Dada Chanuo: Kamusi.

Kamusi: Limenitoka.

Dira: Umenisukumia mke wangu siku nzima, bwana.

Tulikuwa bado tunamzomea Kamusi aliposikika mtu akibisha hodi nyuma yetu. Alikuwa mke wa Dira, begi mkononi, viatu vimejaa vumbi.

— Hamjambo, shemeji zangu?

— Hatujambo, shemeji. Karibu.

— Sikai. Basi langu la kurudi kwa dada linaondoka saa nane.

Kisha akamgeukia mumewe, wala hakupandisha sauti.

— Baba watoto, ule ujumbe niliutuma Jumapili. Jana Alhamisi nimeshinda stendi tangu asubuhi mpaka jua linazama. Kila mtu aliyepita nilidhani ni wewe. Ulikuwa wapi?

Dira akatutazama sisi. Kamusi alianza methali akaimeza. Mimi niliona aibu mpaka masikio yakawaka, kwa sababu jana mchana kutwa Dira alikuwa hapa, nami ndiye niliyekuwa nikimmiminia kahawa.

Yule mama akageuka. Dira akamfuata, akalishika begi, naye akaliachia. Wakaenda hivyo, mke mbele, mume nyuma, upande wa stendi. Sisi tulibaki tumesimama, na hakuna aliyethubutu kuuliza shemeji atarudi lini.